Tucheke Chungu Chetu Kwanza: Mafunzo kutoka Mnada wa Walutheri wa Kilimanjaro



Safari hii siandiki juu ya kutunza daftari wala juu ya mikopo. Nataka tuongee juu ya chakula na juu ya kucheka. Najua kuna mwenyekiti mmoja atasoma hapa aseme, "Dada leo amekosa la kuandika." Ngoja kidogo, mwenyekiti. Nimeona vikundi vikivunjika kwa sababu ya pesa kuibwa, hiyo kila mtu anaijua. Lakini pia nimeona kikundi kikivunjika kwa sababu ya sufuria moja ya omena.

Kikundi chenyewe ni cha akina mama, hapa hapa pwani ya kusini. Jina silitaji. Walikuwa wanachama 22. Desturi yao ilikuwa kukutana kila Alhamisi alasiri. Mmoja huleta chakula kwa zamu, wanakula, halafu wanachanga pesa za mchezo na kumpa mwenye zamu. Siku moja zamu ya chakula ilimfikia mama mmoja kutoka bara. Akaleta ugali na omena aliyomkaanga vizuri kwa nyanya na vitunguu. Mwenzake mmoja akafunua sufuria, akachungulia, akasema, "Haya, leo tumeletewa chambo!" Watu wakacheka. Mwenye omena naye akacheka. Mimi nilikuwepo siku hiyo, na mimi nilicheka.

Alhamisi ya pili wakamwita Mama Chambo. Alhamisi ya tatu hata watoto wa njiani walikuwa wanamwita hivyo. Ya nne hakuja. Nilipomtembelea nyumbani aliniambia maneno ambayo sijayasahau: "Dada, omena si neno. Lakini mbona chakula chao hakichekwi?"

Aliondoka yeye na wenzake watatu. Wawili kati ya hao walikuwa wamekwisha kupokea zamu yao ya mchezo, kwa hiyo waliobaki wakaanza kuwadai. Maneno yakawa mengi. Miezi miwili baadaye mchezo ukasimama kabisa, na kuna mama watano walikuwa wamechanga tangu mwanzo bila kupokea hata senti.

Basi nimejiuliza: je, dawa ni kukataza utani? Hapana. Kikundi kisichocheka hakina maisha marefu, watu huchoka. Nilipotafuta mfano wa watu wanaocheka juu ya chakula na bado wakakaa pamoja, nilikumbuka jambo nililoliona kwa Walutheri wa Kilimanjaro. Hapa kwetu Shimoni tumezoea zaidi msikiti na makanisa mengine. Walutheri ni wachache. Kwa hiyo nitaeleza taratibu.

MNADA BAADA YA IBADA

Miaka kadhaa iliyopita nilipelekwa Moshi kwa mafunzo ya siku 10. Kutoka kwetu si mbali sana: unavuka mpaka Lunga Lunga, unapita Tanga, Korogwe na Same, mlima unauona mbele yako. Nililala kwa mama mmoja Mlutheri. Jumapili akaniambia, "Dada, nenda misa yako ya asubuhi, ukimaliza uje kwetu uone mnada."

Ulutheri uliingia Kilimanjaro mwaka 1893, wamisionari wa Leipzig kutoka Ujerumani walipofika Machame. Leo kanisa lao linaitwa Kanisa la Kiinjili la Kilutheri Tanzania, au KKKT kwa kifupi. Liliundwa mwaka 1963 kwa kuunganisha makanisa saba, nalo ni miongoni mwa makanisa makubwa ya Kilutheri duniani. Katika sharika zake nyingi kuna desturi hii: mtu asiye na pesa ya sadaka huleta alicho nacho. Mmoja mkungu wa ndizi, mwingine kuku, mwingine maziwa, maharage, parachichi, hata yai moja. Ibada ikiisha watu hawatawanyiki. Wanasimama nje, vitu vinatolewa, na mnada unaanza.

Mwendesha mnada siku hiyo alikuwa mzee mmoja mnene. Jambo la kwanza alilofanya ni kujigonga tumbo na kusema, "Ndugu zangu, mimi sinunui leo. Mke wangu amesema nikinunua chakula kingine tutapanua mlango." Watu wakaangua kicheko. Ndipo akainua jogoo.

"Jogoo huyu amekulia kwa mzee wa kanisa. Hawiki mpaka kengele ilie. Nani?"

"Elfu tano!"

"Elfu tano ni bei ya mguu mmoja. Wa pili nani anaununua?"

Baadaye likaja yai. Yai moja tu, limeletwa na bibi kizee aliyeketi kwenye benchi karibu na mlango. Mtu akalinunua kwa shilingi 500 za Tanzania, halafu akasema, "Narudisha kwa Bwana." Maana yake yai linauzwa tena. Kijana mmoja akalinunua kwa 1,000, naye akarudisha. Wa tatu akatoa 1,500 akasema, "Namnunulia mgeni wetu Mkatoliki." Mwendesha mnada akaniangalia. "Mgeni, likague vizuri. Tusije tukasikia kesi imefika Roma!" Walicheka wote, na mimi nilicheka mpaka machozi. Nikarudisha. Likanunuliwa mara ya mwisho kwa 2,000, na yule mnunuzi akaenda moja kwa moja kwenye benchi, akamwekea yule bibi mkononi. "Bibi, kapike ule."

Tuhesabu: 500, na 1,000, na 1,500, na 2,000. Jumla ni shilingi 5,000. Yai moja limeingiza pesa ya jogoo, na mwenye yai amekwenda nalo nyumbani.

KWA NINI INAFANYA KAZI?

Nilikaa nikaitafakari desturi hii kama mfanyakazi wa jamii. Naona sababu nne.

Ya kwanza, hakuna mchango mdogo. Yule bibi asingeweza kusimama mbele ya watu na kutoa 5,000. Lakini yai lake lilizitoa, na kila mtu aliona. Katika vikundi vyetu, mtu mwenye kidogo mara nyingi huona haya, huanza kukosa mikutano, mwisho anatoka.

Ya pili, mwenye nacho anatoa bila kujivuna sana. Akinunua yai kwa bei ya kuku anaonekana kama mtu mcheshi, na hiyo inampunguzia majivuno ya utajiri. Kicheko kinamtuliza yeye na kinamtuliza anayemtazama.

Ya tatu, kila mtu anaguswa na utani. Mzee wa kanisa aliguswa, mgeni akaguswa, na mwendesha mnada alijigusa mwenyewe kabla ya wote. Hapo tukumbuke swali la mama wa omena: mbona chakula chao hakichekwi?

Ya nne, utani ule unakwisha na kitu kizuri mkononi. Watu hawakuniacha na jina la kejeli. Waliniachia hadithi ya yai, ambayo mimi mwenyewe ndiye ninayeisimulia.

VYAKULA VYA MLIMA NA MANENO YAKE

Mnada hauelei hewani. Umesimama juu ya desturi za watu wanaojijua kwa vyakula vyao. Mchaga ni mtu wa ndizi. Kuna mtori, supu nzito ya ndizi na nyama, ambayo hasa hupewa mama aliyejifungua apate nguvu. Kuna machalari, ndizi zilizopikwa na nyama. Kuna kiburu, ndizi na maharage yaliyotiwa magadi. Na kwenye harusi kuna ndafu, yaani mbuzi mzima aliyechomwa, akasimamishwa mezani na majani mdomoni kana kwamba bado anakula. Siku hizi ndafu imefika hata harusi za Dar es Salaam, na msema chochote huitangaza kwa jina la "keki" huku watu wakicheka.

Nyama nayo ina sheria. Mbuzi akichinjwa katika ukoo, kila sehemu ina mwenyewe kufuatana na cheo na ukaribu wa damu. Mtu akipewa sehemu isiyo yake, huo si mzaha tena. Ndiyo sababu Desemba, Wachaga waliotawanyika mijini hujaa kwenye mabasi kurudi nyumbani. Wenzao Watanzania huwatania kwamba wanakwenda kuhesabiwa. Kwa namna fulani ni kweli: asiyefika kula na ukoo ni kama hayumo.

Wamisionari wengine walitaka kuvunja mambo kama haya. Lakini mchungaji Mjerumani Bruno Gutmann, aliyefanya kazi miongoni mwa Wachaga kati ya mwaka 1902 na 1938, aliona tofauti. Alifundisha kwamba ukoo, ujirani na rika ni vifungo ambavyo Mungu mwenyewe amewapa watu, na usharika ujengwe juu ya vifungo hivyo. Wako waliompinga, wakiona anashikilia sana ya zamani. Lakini ukitazama watu wanavyokaa pale nje kumwuzia jirani yai lake mwenyewe, unaelewa alichokuwa anasema.

Halafu kuna utani wa makabila. Mchaga hutaniwa kwa kupenda pesa: ati amekufa, angusha sarafu karibu na jeneza uone kama hataamka. Jirani yake Mpare hutaniwa kwa ubahili na kupenda kesi: ati yuko radhi auze ng'ombe ili ashinde kesi ya kuku. Upareni kaskazini Walutheri ni wengi, na kusini wako Wasabato, ambao hawali nguruwe wala kambare, nao hawakosi kutaniwa kwa hilo. Wote hawa hukutana kwenye harusi na misiba, na kila mmoja anajua kwamba akirusha neno, lake linakuja. Utani wa zamani wa Afrika Mashariki ulikuwa hivyo. Ulikuwa na haki na wajibu: mtani anayekucheka leo ndiye anayekuja kusaidia kwenye msiba wako kesho. Anayecheka bila kusaidia hakuwa mtani, alikuwa mchokozi tu.

MPAKA KWA LUTHER NA MPAKA MAREKANI

Mambo haya hayakuanzia mlimani peke yake. Martin Luther mwenyewe alimwoa Katharina von Bora mwaka 1525. Mama huyo alilima bustani, akafuga nguruwe na samaki, akatengeneza bia, na akalisha nyumba iliyojaa wanafunzi na wageni. Luther alimtania kwa kumwita "Bwana Käthe," kama vile yeye ndiye mume wa nyumba. Mazungumzo ya pale mezani yaliandikwa na wageni wake, yakachapishwa kitabu mwaka 1566, baada ya kifo chake. Humo mna mafundisho ya dini yaliyochanganyika na mizaha mingi.

Sasa twende Marekani, maana huko kuna hadithi ambayo sisi watu wa samaki tutaielewa kuliko wengi. Walutheri wa Iringa, kusini mwa Tanzania, tangu mwaka 1987 wana udugu na Walutheri wa eneo la Saint Paul, jimbo la Minnesota. Udugu huo unaitwa Bega kwa Bega. Wageni wakija Iringa hukaribishwa kwa ugali na kuku. Je, kwao wanajivunia nini? Wanajivunia samaki mkavu anayenuka.

Wengi wa Walutheri wa Minnesota ni wajukuu wa maskini waliohama Norway na Sweden katika karne ya 19. Walibeba desturi ya chakula kiitwacho lutefisk. Hutengenezwa hivi. Samaki wa bahari za baridi hukaushwa mpaka anakuwa mgumu kama ubao, kama ng'onda wetu lakini bila chumvi. Huloweshwa majini siku kadhaa. Kisha hutiwa katika maji makali ya magadi, ambayo zamani yalitolewa kwenye majivu ya kuni. Si kama magadi tunayotia kwenye maharage. Ni makali mno, ukimla samaki hapo utaungua. Anavimba na kulegea. Halafu huoshwa tena kwa maji safi siku nyingi ili ukali utoke, ndipo hupikwa. Anakuwa laini, anatetemeka kwenye sahani, na harufu yake inajaza nyumba. Wenyewe husema usimle kwa kijiko cha fedha, maana kijiko kitaharibika, na hilo ni kweli.

Kila mwaka majira ya baridi yanapokaribia, makanisa mengi ya huko huandaa karamu ya lutefisk. Watu hununua tiketi, hupanga foleni, hushuka kwenye ukumbi wa chini ya kanisa, na hula samaki huyo pamoja na viazi, siagi iliyoyeyushwa na mkate mwembamba wa viazi. Na wanacheka! Nusu ya mizaha yao ni juu ya samaki huyo: ati nusu ya Wanorwe walihamia Marekani kumkimbia, na nusu nyingine walikwenda kumtangaza. Mji mdogo wa Madison, Minnesota, hujiita makao makuu ya lutefisk, na umeweka sanamu kubwa ya samaki barabarani.

Jambo la kuzingatia hapa ni hili. Wanaomcheka lutefisk ni wenyewe. Ni chakula cha umaskini wa babu zao, na kwa kukicheka huku wakila wanakumbuka walikotoka bila kuona haya. Jambo la pili ni la kwetu sisi wanavikundi. Karamu hizo zilijengwa na umoja wa akina mama wa makanisa. Tangu zama za wahamiaji wale, akina mama hao walipika, wakashona, wakauza kahawa na chakula, na pesa hizo zikasaidia kujenga makanisa na kutunza wenye shida. Kwa lugha yetu, vile vilikuwa vikundi vya kujisaidia.

LAKINI CHAKULA PIA HUUMA

Nisiwadanganye kwamba kila mzaha wa chakula ni mtamu. Hata Kilimanjaro kuna mambo yanayouma. Mbege, pombe ya ndizi na ulezi, ndiyo iliyokuwa alama ya kukaa pamoja. Mtu aliyeokoka hagusi. Basi kwenye sherehe mmoja anaona ametengwa kwa sababu hanywi, mwingine anaona anahukumiwa kwa sababu anakunywa. Na katika kila nyumba iliyoharibiwa na pombe, mzaha wa mlevi hauchekeshi mke wala watoto.

Kuna makubwa zaidi. Mwezi Februari 2013, huko Buseresere mkoani Geita, Tanzania, ugomvi juu ya nani mwenye haki ya kuchinja nyama ulifika mahali pa damu, na mchungaji mmoja aliuawa. Watu walikuwa wameishi pamoja miaka mingi kwa desturi kwamba Mwislamu ndiye achinje ili wote wale.

Na sisi je? Agosti 1997, kuanzia usiku wa tarehe 13, Likoni kuliwaka moto. Watu wa bara waliwindwa, zaidi ya watu 100 waliuawa, maelfu kwa maelfu walikimbia, na wengi walijikusanya katika uwanja wa kanisa Katoliki Likoni. Mambo hayo yalipangwa na watu wenye siasa zao; hayakuletwa na omena. Lakini ukiwauliza waliokuwepo, watakwambia kwamba kabla ya mapanga kulikuwa na maneno. Huyu anakula nini, anapika nini, ananuka nini, kwao ni wapi. Maneno hayo ndiyo yaliyorahisisha kumwona jirani kama si mtu. Wazee wetu walisema: mzaha mzaha hutumbua usaha.

TURUDI SHIMONI

Sisi hapa tuna utajiri. Tuna wali wa nazi na samaki wa kupaka, tuna pweza, kaa wa Wasini, mbaazi za nazi na mahamri, ugali wa muhogo, na huyo papa mkavu ambaye akipikwa nyumba ya saba inajua. Wenzetu kutoka bara wameleta muthokoi, omena, sukumawiki. Katika kikundi kimoja utamkuta Mdigo, Mvumba, Mkamba, Mluo na Mtaita. Tukijua kuchekana vizuri, hiyo ni hazina. Nimeandika hapa mambo sita ya kufuata.

1. Anza na chungu chako. Kabla hujacheka omena ya mwenzako, cheka papa wako. Mwenyekiti ndiye wa kwanza, kama yule mzee wa mnada.

2. Kicheko kiende kwa zamu. Kama zamu ya mchezo inavyozunguka, na utani uzunguke. Ukiona wiki tatu mfululizo anachekwa mtu yule yule, huo si utani tena.

3. Cheka chakula, usicheke mtu. "Pilipili hii imenitoa roho" ni mzaha. "Nyinyi watu wa kwenu mnakula takataka" ni tusi. Na majina ya kubandikana yasitumike kikundini ila mwenyewe ameyapenda.

4. Chakula cha pamoja kiwe cha wote. Wanachama wengi kwetu ni Waislamu. Nyama ichinjwe na Mwislamu, nguruwe na pombe visiletwe, na Ramadhani mkutano usiwe wa kula mchana. Na wengine pia waulizwe: Msabato ana vyakula asivyokula, Mkatoliki ana siku za kutokula nyama wakati wa Kwaresima. Kuuliza mapema hakugharimu kitu.

5. Pasiwe na mashindano. Nimeona vikundi ambapo zamu ya chakula imekuwa kama arusi, mtu anakopa ili alete biriani. Wekeni kiwango. Chai na muhogo wa kuchemsha vinatosha.

6. Mtu akinyamaza, simameni. Ukiona mwenzako haendelei kucheka, usimwambie "ulikuwa mzaha tu." Mwombe msamaha siku hiyo hiyo. Wachaga wana jani liitwalo isale; aliyekosa hulipeleka kwa aliyemkosea, na ni vigumu sana kulikataa. Sisi hatuna jani hilo, lakini miguu ya kwenda nyumbani kwake tunayo.

MKITAKA KUJARIBU MNADA

Vikundi vingine vimeniuliza juu ya njia za kutunisha mfuko bila kukopa. Mnada huu mnaweza kuujaribu mara moja kwa miezi mitatu. Kila mwanachama alete kitu kimoja cha nyumbani: dafu, fungu la mchicha, pweza mmoja, mahamri kumi, yai. Mchagueni mwendesha mnada mwenye ulimi mtamu na moyo mzuri. Katibu aandike kila kitu na bei yake palepale. Mweka hazina apokee pesa hapo hapo, ziwe mkononi ama kwa simu. Deni lisikubaliwe, maana deni la mnada ndilo ugomvi wa wiki ijayo.

Tuseme mko 20, na kila kitu kinaingiza wastani wa shilingi 100. Hizo ni 2,000 kwa siku moja. Vitu vitano tu vikirudishwa na kuuzwa tena kwa bei hiyo hiyo, mmeongeza 500. Si pesa nyingi, lakini hakuna riba, na hakuna aliyelala njaa kwa ajili yake. Kama kuna wanachama wenye wasiwasi kwa upande wa dini, waulizeni mashehe na wachungaji wenu kabla hamjaanza. Kurudisha kitu kiwe ni hiari kabisa. Asiyetaka kurudisha abebe kuku wake aende, na asinuniwe.

MWISHO WA HABARI YA OMENA

Mtataka kujua yaliyompata yule mama. Baada ya mchezo kusimama, mama wawili wazee wa kikundi, mmoja wao ndiye aliyesema "chambo," walikwenda kwake jioni moja. Hawakupeleka maneno mengi. Walimwambia, "Tumekukosea. Tumekuja tule kwako." Akawapikia, na alichowapikia mnakijua. Wakala wakamaliza.

Alirudi kikundini, na mwenzake mmoja. Wengine wawili hawakurudi mpaka leo, na deni lao liko nusu halijalipwa. Alhamisi ya kwanza baada ya kurudi, zamu ilikuwa ya yule mzee wa "chambo." Alileta papa mkavu wa kupaka nazi, akaweka sufuria katikati, akasema, "Kabla hamjafunua, walio upande wa upepo wasogee." Mama wa bara ndiye aliyecheka wa kwanza.

MASWALI YA KUJADILI KIKUNDINI

1. Katika kikundi chetu, ni chakula cha nani kinachochekwa, na ni cha nani hakijawahi kuchekwa? Kwa nini?

2. Je, kuna mtu aliyetoka kikundini kwetu na hatukuwahi kumwuliza sababu? Nani atakwenda kumtembelea, na lini?

3. Kuna mwanachama anayekosa mikutano kwa sababu hana cha kuleta? Tufanye nini ili yai lake moja lihesabiwe?

4. Kila mmoja ataje chakula kimoja cha kwao ambacho anaweza kukicheka mwenyewe. Mwenyekiti aanze.

Mkiisha kujadili, niandikieni majibu yenu. Na mkijaribu mnada, niambieni yai lilifika bei gani.